Kondoo Mzee Ndani ya Presha Kuka

Maneno haya yalisemwa Jumamosi alasiri katika ukumbi mmoja jijini Dublin, wiki moja kabla ya sikukuu ya Mtakatifu Patrick, mbele ya Waswahili wa jumuiya na sufuria moja iliyokuwa motoni.

Mwenyekiti, mama zangu, baba zangu, kaka na dada, nanyi watoto mliokaa kule nyuma mkidhani sizioni hizo simu: asalaam aleikum, Bwana Yesu asifiwe, hamjambo. Itifaki imezingatiwa. Naomba nisiirudie, kwa kuwa hapa mezani kuna chombo kisichojua itifaki.

Hicho mnachokisikia kikifoka ni presha kuka. Nimeibandika mwenyekiti alipoanza salamu zake, maana nazijua salamu za mwenyekiti wetu. (Kicheko.) Tangu kidude hiki cha juu kianze kutikisika, saa yangu inasema zimepita dakika 25. Zikifika 35 nitazima. Ndani mna shingo ya kondoo, vitunguu, viazi kidogo, chumvi na maji. Nikinyamaza ghafla katikati ya sentensi msidhani nimesahau hotuba. Nitakuwa nasikiliza sufuria.

Nimeombwa nizungumzie ule mchuzi mzito wa nyama wa Kiayalandi, Irish stew, kwa sababu Jumamosi ijayo majirani wa mtaa wanakuja kula nasi, na kamati imeona si vyema kila mwaka tuwalishe pilau letu tu bila kuonyesha kwamba na sisi tumekaa hapa tukajifunza kitu. Wazo zuri. Ila nimeshasikia mipango ya chinichini. Kuna anayetaka kutia nyanya. Kuna wa tangawizi na kitunguu saumu. Na kuna mmoja, simtaji, amenivuta pembeni akaniuliza kama bizari nyembamba, kidogo tu, itaharibu. Itaharibu. Hebu fikirini mgeni anakuja kwenu Tanga, anawaambia leo nimewapikia pilau, mkifunua mnakuta makaroni. Mtakula kwa adabu. Lakini njiani kurudi nyumbani?

Mimi si mpishi. Kazi yangu mnaijua, natunza wazee, na nusu ya watu humu ndani ni wenzangu wa kazi hiyo hiyo, wa zamu za usiku. Nilikofunzwa mchuzi huu ni kazini, kwa bibi mmoja niliyekuwa nikimhudumia nyumbani kwake, mtu wa Mayo, kule magharibi. Wiki ya kwanza nilitaka kumfurahisha. Nikanunua nyama ya mwanakondoo, laini, ya bei, nikaipika vizuri kabisa kwa macho yangu. Bibi akaonja kijiko kimoja, akakiweka chini, akaniuliza kama huyo kondoo aliwahi kuishi.

Sikumwelewa. Nilidhani ni uzee. Baadaye akanieleza, na kwa kweli hotuba yangu yote ni hilo alilonieleza. Mengine ni ya kusubiria sufuria.

Zamani Ayalandi kondoo hakufugwa aliwe. Alifugwa kwa sufu na kwa maziwa. Alichinjwa akishazeeka, sufu imekwisha ubora, maziwa yamekauka. Nyama yake ilikuwa ngumu, yenye mishipa na harufu ya kondoo kweli kweli. Nyama ya namna hiyo huwezi kuichoma, utatafuna mpaka kesho. Ndipo mwanamke wa Kiayalandi akaitia kwenye chungu cha chuma kilichoning'inia juu ya moto, akatia viazi, vitunguu na maji, akafunika, akaenda shambani. Moto wenyewe ulikuwa wa vipande vya udongo wa kinamasi vilivyokaushwa, ambavyo huko vijijini ndivyo vilikuwa kuni na makaa. Unawaka polepole, hauna haraka na mtu. Muda wa saa tatu, nne. Akirudi, ule ugumu umegeuka utamu.

Kwa hiyo mchuzi huu ulitungwa kwa ajili ya nyama ngumu. Ukiupika kwa nyama laini ya mwanakondoo wa miezi michache unapata chakula, sikatai, lakini maji yanabaki maji. Ile ladha inayogandisha midomo inatoka kwenye gegedu, kwenye mishipa na utando mweupe unaoshika nyama na mfupa, vitu ambavyo kwa kondoo mchanga havijakomaa.

Sasa sikilizeni jambo linalonichekesha. Ukiingia leo kwenye bucha la kawaida la Kiayalandi ukaulizia kondoo mzee, mara nyingi muuzaji atakutazama kama umemwomba tembo. Wao sasa wanauza mwanakondoo. Lakini ingia bucha la halali, la Mpakistani au la Mwarabu, sema unataka nyama ya kondoo mkubwa, shingo au bega, na mfupa wake. Atakukatia bila swali. Bibi yule wa Mayo alikula mchuzi wa utoto wake tena kwa nyama niliyoinunua kwa Waislamu wenzangu. Nilipomwambia ilikotoka alinyamaza kidogo, kisha akaomba bakuli la pili.

Subirini. Dakika 35. Nazima. Mnaona sikuigusa vali, hili tundu la kutolea mvuke? Siitoi mvuke. Naiacha ikae hivyo hivyo ishuke yenyewe, kama dakika 15. Mkitoa mvuke kwa pupa, maji yaliyomo ndani yanachemka kwa ghafla na kwa fujo, nyama inachanika nje na kukauka ndani. Watu wengi wanasema nyama ya presha kuka ni kama kamba za katani. Kosa si la sufuria, ni la mkono usiotulia.

Mimi ni wa Lushoto, milimani, mkoani Tanga. Waliosoma wanasema mji wetu uko karibu mita 1,400 juu ya bahari, na kule maji huchemka yakiwa kwenye nyuzi kama 95 hivi, hayafiki 100, kwa sababu hewa ni nyepesi. Sisi tulikuwa hatujui hesabu hiyo, tulikuwa tunajua tu kwamba maharage ya Lushoto yanakula kuni kuliko ya Tanga mjini. Shangazi yangu ndiye wa kwanza ukoo mzima kumiliki presha kuka. Siku ya tatu ganda la harage likaziba tundu la mvuke, naye akataka kujua kimetokea nini, akaulazimisha mfuniko. Mungu alimnusuru shangazi. Dari halikunusurika. Yale madoa yalikuwepo mpaka nilipoolewa.

Huku Dublin tuko usawa wa bahari, maji yanachemka kwenye 100. Ndani ya hii, mvuke ukishabanwa mpaka mgandamizo ukawa mara mbili ya ule wa hewa ya nje, yanafika nyuzi 120 hivi. Nyuzi 20 za ziada zinaonekana kidogo, lakini ndizo zinazofanya ile mishipa, ambayo kwenye sufuria ya kawaida ingetaka saa mbili unusu au tatu, iyeyuke kwa dakika 35. Mishipa ikiyeyuka inakuwa jelatini, na jelatini ndiyo inaupa mchuzi ule mng'ao na uzito. Wenye presha kuka za umeme, nyingi hazifikii nguvu ya hizi za kubandika motoni, ongezeni dakika tano au kumi. Na wenye mwanakondoo waliokwisha kumnunua, msimtupe, dakika 20 zinamtosha.

Aliyebuni chombo hiki alikuwa Mfaransa, Denis Papin, aliyehamia London na kufanya kazi na Robert Boyle, mtaalamu mkubwa wa mambo ya hewa na mgandamizo. Papin alikionyesha mwaka 1679 kwa wanasayansi wa Royal Society, na miaka mitatu baadaye akawapikia humo chakula cha jioni wakala, mifupa imelainika kama jibini. Tangu mwanzo alikusudia hivyo hasa, kulainisha mifupa, ili vitu vinavyotupwa viwe chakula. Vali ya usalama, ile ambayo shangazi yangu hakuiheshimu, ni yeye huyo aliyeitia. Na huyo Boyle, je, alizaliwa wapi? Lismore, kaunti ya Waterford, hapa hapa Ayalandi. Kwa hiyo Jumamosi jirani akikutania kwamba bibi yake hakuwahi kupika mchuzi huu kwa presha, mjibu kwamba presha yenyewe ina ujomba na Waterford.

Tukiwa tunasubiri ishuke, kuna neno moja la viazi, na hili silifanyii mzaha.

Sisi Watanzania tunaviita viazi ulaya. Ulaya havikuzaliwa. Vilitoka milima ya Amerika Kusini, vikafika Ayalandi miaka ya mwisho ya karne ya 16, na vikaipenda ardhi hii yenye mvua. Maskini hakuwa na ardhi yake, alikodi kipande kidogo, na hakuna zao lingine lililoweza kulisha familia kwenye kipande kidogo kama kiazi. Ikafika mahali watu wa chini kabisa wanakula viazi na maziwa ya mtindi, asubuhi na jioni, na karibu wote wanapanda aina moja, iliyoitwa Lumper. Mwaka 1845 ukaingia ugonjwa. Jani linapata doa jeusi, siku chache kiazi kinaoza ardhini, kinanuka. Watu wa Lushoto mnaujua, kwetu mkulima anauita bakajani. Ni ule ule. Sisi leo tuna dawa za kupulizia na tuna mazao mengine shambani. Wao hawakuwa na kitu, na mwenye ardhi alitaka kodi yake, na nafaka na mifugo viliendelea kupakiwa melini kwenda kuuzwa Uingereza huku watu wanakufa kando ya barabara. Mpaka mwaka 1852 walikufa kama milioni moja, na wengine kama milioni moja wakahama. Sensa ya mwaka 1841 ilihesabu watu zaidi ya milioni 8 kisiwa kizima. Leo, pamoja na sisi wageni wote tuliojazana humu, kisiwa bado hakijarudi idadi ile.

Mayo ndiko kulikoumia sana. Bibi yangu hakuwahi kulizungumza. Lakini kiazi hakukitupa hata kikiwa kimechipua, na maganda aliyataka membamba hivi kwamba ilibidi nibadilishe kisu. Jumamosi ijayo mkimwona mzee amefuta bakuli kwa mkate mpaka linang'aa, msimharakishe kulitoa mezani.

Haya, hebu nitazame. Kile kijiti cha mfuniko kinachoinuliwa na mvuke kimeshuka chenyewe. Mnaona mfuniko unafunguka bila kulazimishwa? Ukikukatalia, uache. Hauna chuki na wewe, ndani bado mna mvuke. Waliokaa mbele rudini nyuma kidogo, na mimi nafungua nikiuelekeza mbali na uso.

Njooni muone. Nyama imejiachia kwenye mfupa. Na vile viazi nilivyotia mwanzo viko wapi? Havipo. Vimekuwa mchuzi. Hapa ndipo kuna ujanja, na ndipo nilipoharibu mara ya kwanza. Mara ya kwanza nilitia kila kitu pamoja, nyama, viazi vyote, karoti, nikafunga dakika 40. Nilipofungua nilikutana na uji wa mgonjwa wenye mifupa.

Mchuzi huu unataka viazi vya namna mbili, na kwa awamu mbili. Kwanza viazi vya unga, vinavyovunjika upesi, kama hivi vyekundu vya Rooster vilivyojaa kila duka hapa. Gramu 400 kwa kilo moja ya nyama, ukate vyembamba, uvitie chini pamoja na vitunguu vikubwa vitatu na nyama yako. Hivyo ni vya kuyeyuka, ndivyo vinavyoupa mchuzi uzito, kama ndizi kwenye mtori, ila hapa huvipondi. Ndiyo maana sitii unga wa ngano. Unga ukiutia mwanzoni unatuama chini na kuungua, na hizi za umeme zinagoma na kuanza kulia. Maji nusu lita tu. Najua mkono wetu, tunapenda kumimina mpaka nyama izame. Humu maji hayapotei hewani, na nyama na vitunguu vinatoa yao. Ukijaza, utapata supu ya arusini. Na chochote upikacho, sufuria isipite theluthi mbili. Anayewaambia ameliona dari la shangazi.

Nyama sikuikaanga. Bibi alikataa. Mchuzi wa kwao ni mweupe, si wa kahawia. Utauona umepauka na mkono utawasha kutia kitu cha rangi. Uzuieni mkono.

Awamu ya pili ndiyo hii. Naengua mafuta haya yanayoelea juu, maana mafuta ya kondoo yakipoa yanaganda kwenye paa la kinywa. Siyaengui yote, nabakiza kidogo. Sasa natia viazi vinavyokaza, hivi vidogo vya ngozi nyembamba, vinauzwa kwa jina la Charlotte. Gramu 800, kila kimoja nimekikata vipande viwili. Na karoti mbili, vipande vikubwa. Nafunga tena. Ikishaanza kutikisika, dakika nne. Kisha nazima, naiacha dakika tano, mvuke uliobaki nautoa taratibu.

Karoti zina kesi. Wapo Waayalandi watakaokuambia karoti humu ni uzushi, kwamba ni kondoo, kiazi, kitunguu na maji, basi, hata majani ya pasli ni kujipamba. Wengine wanatia karoti, wanatia shayiri, wanatia thaimu, na wanaapa ndivyo bibi zao walivyofanya. Msiingie ugomvi huo. Ni kama kumweka mtu wa Mombasa na mtu wa Unguja meza moja ukauliza kama pilau linatiwa nyanya. Mimi natia karoti kwa kuwa bibi yangu alitia, na katika kesi kama hizi kila mtu anasimama na bibi yake.

Mtaulizwa pia habari ya Guinness. Hiyo stew ya ng'ombe na bia nyeusi ni chakula kingine, kizuri kwa wenye kukila, lakini si hiki, ingawa kiwanda cha Guinness kipo hapa Dublin tangu mwaka 1759. Sisi Waislamu tunaipisha. Na ndugu zangu Wakristo mtakaotaka kuipika kwa presha, kumbukeni sufuria imefungwa, kilevi hakina pa kutokea. Ichemsheni wazi kwanza. Kuna na coddle, ya hapa mjini, ile ni soseji na nyama ya nguruwe iliyotiwa chumvi. Ukialikwa, uliza kabla ya kuchovya.

Dada aliyeinua mkono pale, swali lako nimelisikia. Ndiyo, unaweza kupika Ijumaa usiku ukala Jumamosi, na inakuwa tamu zaidi. Lakini ishia awamu ya kwanza. Nyama na mchuzi ulale kwenye friji, asubuhi utakuta mafuta yameganda juu kama sahani, unayaondoa kwa kijiko. Viazi vya pili na karoti utie siku yenyewe. Kwa sisi wa zamu ndiyo njia. Unatoka kazini saa mbili asubuhi, unalala, ukiamka zimebaki dakika kumi za kazi.

Chumvi nilitia kidogo mwanzoni, ya kumalizia naionja sasa. Pilipili manga, ya kutosha, hiyo inaruhusiwa. Pasli nakatakata juu mwishoni.

Imeshuka. Fungueni dirisha lile, ukumbi huu tuna deni nao la samaki wa mwezi uliopita. Vijana leteni mabakuli, na mkate uko kwenye kikapu. Mama mkubwa, wewe kwanza, na shingo hii ni yako, nyonya mfupa bila aibu, ndivyo unavyoliwa. Na wewe wa bizari nyembamba, nakuona na hicho kikaratasi mkononi. Pilipili mbuzi ipo pale kwenye kisosi, jitilie kwenye bakuli lako mwenyewe. Sufuria usiiguse.